Mkono wa serikali katika chuo kisicho chake

Mwaka 1904 Bunge la jimbo la Kentucky, Marekani, lilipitisha sheria ambayo haikutaja jina la chuo chochote, lakini kila aliyeisoma alijua inamlenga nani. Ilipiga marufuku mtu, shirika au chama chochote kuendesha shule inayofundisha weupe na weusi pamoja. Faini ilikuwa dola 1,000 kwa chuo, na walimu na wanafunzi nao wangetozwa zao. Chuo kilichokuwa kikifundisha watu wa rangi zote pamoja jimboni humo ni Berea, kilichoasisiwa mwaka 1855 na mhubiri mpinga utumwa, John G. Fee. Mwaka mmoja tu kabla ya sheria hiyo, Berea kilikuwa kimemtunuku shahada Carter G. Woodson, mtoto wa wazazi waliozaliwa utumwani, ambaye mwaka 1926 angeanzisha wiki ya historia ya watu weusi ambayo leo huadhimishwa nchini humo mwezi mzima.

Berea hakikuwa mali ya serikali. Kiliendeshwa kwa michango ya watu waliokiamini. Wanafunzi walikwenda kwa hiari yao, na walimu walifundisha kwa hiari yao. Shauri lilipofika Mahakama ya Juu ya Marekani, swali lilikuwa rahisi kuuliza: je, Katiba inairuhusu serikali kuingia katika chuo kisicho chake na kuamua nani akae darasani na nani? Tarehe 9 Novemba 1908 Mahakama iliipa Kentucky ushindi. Majaji saba walikubaliana na matokeo hayo, wawili wakapinga.

Wachambuzi wengi wanaoeleza mipaka ya serikali juu ya vyuo binafsi vya Marekani huanza na kesi ambayo chuo kilishinda. Nadhani mpangilio huo unampotosha msomaji, kwa sababu unampa imani kwamba kinga ilikuwapo tangu mwanzo na kazi ya mahakama ilikuwa kuitangaza tu. Nimeanza na Berea ili tuulize jambo gumu zaidi: kinga iliyokuwapo kwenye vitabu kwa takriban miaka 90 ilishindwaje kukilinda chuo kilichoihitaji kuliko vingine vyote?

Katiba ya Marekani haisemi chochote kuhusu elimu, sembuse vyuo vikuu. Kenya ilipoandika Katiba yake ya 2010 iliweka wazi uhuru wa kitaaluma na wa utafiti wa kisayansi katika Ibara ya 33. Wakili wa chuo binafsi cha Marekani hana ibara ya namna hiyo ya kushika mkononi. Hulazimika kutafuta kinga katika vifungu vilivyoandikwa kwa ajili ya mambo mengine: mikataba, mali, uhuru wa kusema. Vyuo vimekuwa vikihama kutoka kifungu kimoja kwenda kingine, kila kimoja kilipoonyesha udhaifu wake.

Kifungu cha kwanza kilikuwa cha mikataba, na kesi yenyewe ni ile ya Dartmouth. Chuo hicho cha Hanover, New Hampshire, kilipata hati yake mwaka 1769 kwa jina la Mfalme George III, kabla Marekani haijawa nchi. Hati iliweka wadhamini 12 na kuwapa mamlaka ya kuchagua wenyewe warithi wao. Mwasisi, Eleazar Wheelock, alipofariki, mwanawe John akashika uongozi. Mwishowe akagombana na wadhamini, nao wakamwondoa mwaka 1815. Ugomvi wa ndani ukageuka siasa za vyama. Gavana mpya, William Plumer, na wabunge wa chama chake walipitisha sheria mwezi Juni 1816 iliyokibadilisha chuo jina kikawa Chuo Kikuu cha Dartmouth, ikaongeza wadhamini kutoka 12 hadi 21, na juu yao ikaweka bodi ya waangalizi 25. Wadhamini wa zamani walikataa. Katibu na mhazini, William Woodward, alisimama upande wa serikali, naye ndiye aliyekuwa na muhuri, hati na vitabu vya hesabu. Wadhamini wakamshtaki wakidai virudishwe. Kwa muda mji mdogo wa Hanover ukawa na taasisi mbili zilizodai kuwa Dartmouth halali.

Mahakama ya jimbo iliipa serikali ushindi, na hoja yake haifai kupuuzwa. Ilisema chuo kinachosomesha vijana wa umma kwa manufaa ya umma ni cha umma, na kwa hiyo wawakilishi wa umma wana haki ya kukipanga upya. Hoja hiyo ingali hai. Kila serikali inayotaka kukiingilia chuo binafsi, popote duniani, husema kwanza kwamba elimu si biashara ya mtu binafsi. Mpaka hapo husema kweli.

Daniel Webster, mhitimu wa Dartmouth wa mwaka 1801, alikitetea chuo mbele ya Mahakama ya Juu mwezi Machi 1818. Tarehe 2 Februari 1819 Jaji Mkuu John Marshall alitoa uamuzi: hati ni mkataba, na Ibara ya Kwanza ya Katiba, kifungu cha 10, inazikataza serikali za majimbo kutunga sheria zinazovunja masharti ya mikataba. Dartmouth kilianzishwa kwa mali ya watu binafsi. Kuwanufaisha wengi hakuwageuzi walimu wake kuwa watumishi wa serikali, wala mali yake kuwa ya hazina. Msomaji wa pwani ataielewa hoja hii upesi akifikiria wakfu. Mtu anatoa shamba la minazi liwe wakfu wa madrasa, anaweka masharti na msimamizi. Watakaonufaika ni watu wengi, hata ambao hawajazaliwa, lakini wingi wao haumpi mtawala wa mji ruhusa ya kuwafukuza wasimamizi na kuweka wake.

Hukumu hiyo ilikuwa na mlango wa nyuma. Jaji Joseph Story, aliyeandika maoni yake kando, alieleza kwamba ikiwa serikali inapotoa hati inajiwekea ndani yake mamlaka ya kuirekebisha baadaye, basi kuirekebisha hakutakuwa kuvunja mkataba. Mabunge ya majimbo yalisoma maneno hayo kwa makini zaidi kuliko maneno ya Marshall. Kentucky iliweka sharti hilo katika sheria zake mwaka 1856. Chuo chochote kilichosajiliwa huko baada ya hapo kilisajiliwa kikiwa na sharti hilo shingoni.

Hapo ndipo Berea kiliponaswa. Jaji David Brewer, aliyeandika hukumu ya 1908, hakujadili kama serikali ina haki ya kuwatenganisha watu wanaotaka kusoma pamoja. Alisema Berea ni shirika, shirika ni kiumbe cha serikali, serikali ilijiwekea mamlaka ya kurekebisha hati zake, na sheria ya 1904 inaweza kuhesabiwa kuwa marekebisho ya hati hiyo. Kuhusu mwalimu mmoja mmoja asiye na hati yoyote, swali liliachwa pembeni. Kinga iliyotokana na karatasi ya serikali iliondolewa kwa karatasi nyingine ya serikali ileile.

Jaji John Marshall Harlan, mwenyewe mzaliwa wa Kentucky kutoka familia iliyomiliki watumwa, alikataa ujanja huo. Aliona kwamba sheria ile haikuwa marekebisho ya hati yoyote. Ilikuwa amri kwa watu wote, na mashirika yalitajwa tu pamoja na wengine. Kwake, kumpa mtu elimu ilikuwa haki ambayo serikali haikuitoa na kwa hiyo haiwezi kuiondoa bila sababu. Kisha akauliza: ikiwa jimbo linaweza kuwazuia watu kusoma pamoja kwa hiari yao, litazuiwa na nini lisiwazuie kusali pamoja, au kwenda soko moja kwa wakati mmoja? Alibaki upande wa wachache. Berea kikawaondoa wanafunzi wake weusi, kikachangisha fedha na kusaidia kuanzisha shule nyingine kwa ajili yao, Lincoln Institute, iliyofunguliwa mwaka 1912 karibu na Louisville. Sheria ya 1904 ililegezwa kwa vyuo mwaka 1950 tu, miaka 46 baada ya kupitishwa.

Miaka ya 1920 ilileta kifungu cha pili, kile cha Marekebisho ya 14 ya Katiba kinachokataza jimbo kumnyima mtu uhuru au mali bila utaratibu wa haki. Mwaka 1922 wapiga kura wa Oregon, kwa msukumo uliolihusisha kundi la kibaguzi la Ku Klux Klan, waliamua kwamba watoto wote wasome shule za serikali, na shabaha ilikuwa shule za Wakatoliki. Mahakama ya Juu iliifuta sheria hiyo mwaka 1925. Miaka miwili baadaye ikaja kesi ya Hawaii ambayo haizungumzwi inavyostahili. Serikali ya kisiwani haikuzifunga shule za Kijapani, zaidi ya 140. Ilizibana kwa vibali, kwa ada ya dola moja kwa kila mwanafunzi, kwa kupanga saa za masomo, vitabu na sifa za walimu, hadi shule zisiwe na uamuzi wowote wa maana wa kufanya. Majaji wote walisema kubana kwa namna hiyo ni kufunga. Tangu hapo sheria ya Marekani ina kanuni muhimu: serikali inaweza kusimamia shule binafsi, kuikagua, kuidai viwango na usalama, lakini usimamizi una kiwango ambacho ukikipita unageuka umilikaji.

Hata hivyo, kesi hizo zote zilisimama juu ya mali na juu ya haki ya mzazi kumchagulia mtoto wake shule. Chuo kikuu ni kitu kingine. Wanaosoma humo ni watu wazima, na jambo linalohitaji ulinzi humo ni fikra. Kwa hilo ilibidi kusubiri hadi mwaka 1957, na msaada ulitoka Afrika.

Paul Sweezy, mwanauchumi wa Kimaksi, alikuwa ametoa mhadhara katika Chuo Kikuu cha New Hampshire. Mwanasheria Mkuu wa jimbo, katika msako wake wa wakomunisti, alimtaka aeleze alisema nini humo. Sweezy alikataa, akahukumiwa kwa kuidharau mahakama. Mahakama ya Juu ilimwondolea hatia. Jaji Felix Frankfurter, akiandika maoni yake mwenyewe, alihitaji maelezo ya nini hasa kinachokifanya chuo kikuu kuwa chuo kikuu. Hakuyatafuta Harvard, alikofundisha sheria kwa miaka mingi. Aliyachukua kutoka tamko la wanazuoni wa vyuo vikuu vya Cape Town na Witwatersrand, Afrika Kusini. Tamko hilo lilitaja uhuru wa aina nne: chuo kijiamulie nani afundishe, nini kifundishwe, kifundishwe vipi, na nani adahiliwe.

Wanazuoni hao hawakuwa wakifanya mjadala wa nadharia. Serikali ya makaburu ilikuwa ikiandaa sheria ya kuwaondoa wanafunzi weusi katika vyuo vyao, na uhuru ule wa nne, wa kudahili, ndio uliokuwa ukinyongwa. Walishindwa. Sheria ilipita mwaka 1959, na vyuo hivyo vikafungiwa kudahili weusi isipokuwa kwa kibali cha waziri. Lakini maneno yao yalikuwa yameshavuka bahari na kuingia katika sheria ya Marekani, na mpaka leo mawakili wa vyuo huyanukuu. Kile walichokuwa wakikipigania Cape Town ndicho kilekile Berea kilichonyang'anywa. Na jaji aliyeungana na Frankfurter katika maoni hayo alikuwa John Marshall Harlan wa pili, mjukuu wa yule aliyepinga mwaka 1908.

Kuanzia hapo kinga ya vyuo ilipata makao mapya: Marekebisho ya Kwanza, yanayolinda uhuru wa kusema. Inafaa tuone tofauti kati ya makao haya na yale ya hati. Hati hutolewa na serikali, na serikali inaweza kuitoa ikiwa na masharti. Uhuru wa kusema Katiba inauchukulia kama kitu ambacho watu walikuwa nacho kabla ya serikali, nayo haikukitoa hata iweze kujiwekea mamlaka ya kukirekebisha. Kama Berea kingesimama juu ya msingi huu mwaka 1908, ujanja wa Brewer usingepata pa kushika.

Hapa msomaji asichanganye mambo. Marekebisho ya Kwanza yanaifunga serikali, hayakifungi chuo binafsi. Mwanafunzi wa chuo cha serikali akiadhibiwa kwa maandamano ya amani anaweza kukishtaki chuo kwa kuvunja Katiba. Mwanafunzi wa chuo binafsi kwa kawaida hawezi. Ana kanuni za chuo, mkataba na sheria za kawaida za kumkinga, na basi. Chuo cha kidini kinaweza kudai imani fulani kwa walimu wake. Ni uhuru wa taasisi, na taasisi inaweza kuutumia vibaya.

Bob Jones, chuo cha Kikristo huko Greenville, South Carolina, kiliutumia vibaya. Hakikudahili mweusi hata mmoja mpaka mwaka 1971, na baada ya hapo kilipiga marufuku uchumba kati ya wanafunzi wa rangi tofauti, marufuku iliyodumu hadi mwaka 2000. Mamlaka ya kodi ya Marekani ilikiondolea msamaha wa kodi. Mwaka 1983 Mahakama ya Juu, kwa kura nane dhidi ya moja, ilikubaliana na mamlaka hiyo: taasisi inayoenda kinyume na sera ya msingi ya taifa haiwezi kuhesabiwa ya hisani.

Kuna atakayeuliza: Berea na Bob Jones vina tofauti gani, ikiwa vyote viwili serikali iliviingilia kwa ajili ya rangi? Tofauti naiona mara mbili. Berea kiliadhibiwa kwa kuwakutanisha watu waliotaka kukutana. Bob Jones hakikutozwa faini kwa imani yake wala hakikufungwa. Kilinyimwa nafuu ambayo walipa kodi wote, weusi wakiwamo, walikuwa wakiigharamia. Tofauti ya pili ni kubwa zaidi: sheria ya Kentucky ilikiuka usawa ambao Marekebisho ya 14 yaliandikwa kuulinda, na uamuzi wa mamlaka ya kodi uliutumikia. Anayetaka kanuni isiyojali chuo kinafanya nini hasa, ataishia kuwaweka Berea na Bob Jones kwenye benchi moja, na hiyo si haki.

Hata hivyo nakiri kwamba hukumu ya Bob Jones ina makali pande zote mbili. Nani anaamua sera ya msingi ya taifa ni ipi? Mwaka 1983 jibu lilikuwa wazi, kwa kuwa Bunge, mahakama na marais waliotangulia walikuwa wameshapinga ubaguzi wa shuleni kwa miongo. Mwaka 2025 Rais Donald Trump alitangaza kwamba Harvard kitaondolewa msamaha wa kodi, kufuatia mgogoro wa miezi michache. Sheria ya Marekani inamkataza rais kuielekeza mamlaka ya kodi imchunguze mlipa kodi fulani, na katazo hilo liliwekwa kwa sababu ya hatari kama hii.

Fedha, basi, ndiyo njia kubwa ya serikali kuingia. Grove City, chuo kidogo cha Pennsylvania, kilijivunia kutopokea ruzuku ya serikali kuu. Mwaka 1984 Mahakama ilisema kwamba kwa kuwa wanafunzi wake walipokea misaada ya serikali ya kulipia masomo, chuo kilibanwa na sheria ya kuzuia ubaguzi wa kijinsia, ingawa katika ofisi ya misaada tu. Bunge likaipanua sheria hiyo mwaka 1988, likipindua kura ya turufu ya Rais Ronald Reagan: fedha ikigusa kona moja ya chuo, sheria inakibana chuo kizima. Grove City kikaacha kabisa misaada hiyo ya wanafunzi na kutafuta wafadhili wake. Ni njia ya heshima, lakini chuo chenye maabara za kansa na fizikia hakiwezi kuifuata bila kuzima maabara zenyewe. Na ni kwa njia hiyohiyo ya fedha kwamba mwaka 2023 Mahakama iliweza kukizuia Harvard kutumia rangi katika udahili: sheria ya haki za kiraia ya 1964 inambana kila anayepokea fedha za serikali kuu. Uhuru wa nne wa wanazuoni wa Cape Town umebaki, lakini umepunguzwa.

Je, sharti la fedha lina mwisho? Kesi iliyojibu vizuri zaidi inahusu fedha za UKIMWI, zilezile zilizolipia dawa na kliniki Kenya, Tanzania, Uganda na Rwanda. Sheria ya 2003 ilitaka kila shirika linalopokea fedha hizo litangaze msimamo wa kupinga ukahaba. Mashirika yaliyofanya kazi na makahaba ili kupunguza maambukizi yalikataa. Mwaka 2013 Mahakama ya Juu iliyapa haki. Serikali inaweza kusema fedha yake ifanye kazi gani na isifanye ipi, lakini haiwezi kuitumia kumlazimisha mpokeaji aseme kauli ya serikali kama imani yake mwenyewe. Mwaka 2020 Mahakama iliongeza kwamba ulinzi huo ni wa mashirika ya Marekani, na washirika wao walio nje hawana. Kwa maana hiyo kliniki ya Kisumu ingeweza kulazimishwa kutamka kile ambacho ofisi ya New York haiwezi kulazimishwa.

Ndani ya mstari huo ndipo shauri la Harvard la 2025 linapoeleweka. Tarehe 11 Aprili serikali ilikipelekea chuo barua ya madai, ikisema inapambana na chuki dhidi ya Wayahudi. Ilitaka idara zikaguliwe kuona kama walimu na wanafunzi wana mchanganyiko wa mitazamo, na pale unapopungua waajiriwe au wadahiliwe wengine. Ilitaka utaratibu wa udahili ubadilishwe, wanafunzi wa kigeni wachujwe kwa misimamo yao, na nguvu za baadhi ya walimu katika uongozi zipunguzwe. Ukiiweka barua hiyo kando ya tamko la Afrika Kusini, hakuna uhuru hata mmoja kati ya ule wa aina nne ambao haukuguswa. Mkuu wa chuo, Alan Garber, alikataa tarehe 14 Aprili, na siku hiyohiyo serikali ikazuia ruzuku za takriban dola bilioni 2.2. Mei ikaja hatua nyingine: Harvard kikafutiwa kibali cha kudahili wanafunzi wa kigeni, ambao ni zaidi ya robo ya wanafunzi wake. Vijana wa Afrika Mashariki waliokwisha kupata nafasi huko walikaa kwa wasiwasi mpaka jaji aliposimamisha hatua hiyo, siku moja baada ya kutangazwa.

Jaji Allison Burroughs wa Boston alitoa hukumu kuhusu fedha tarehe 3 Septemba 2025. Hakukisafisha chuo. Aliandika kwamba chuki dhidi ya Wayahudi ilikuwapo Harvard na uongozi ulipaswa kuchukua hatua mapema zaidi. Lakini sheria ya 1964 ina utaratibu wake kwa kosa la namna hiyo: chuo kipewe taarifa, kisikilizwe, ushahidi uandikwe, Bunge lijulishwe, na siku 30 zipite kabla fedha haijakatwa. Hakuna kilichofuatwa. Na utafiti uliosimamishwa haukuwa na uhusiano na kosa lililotajwa. Akaona kwamba fedha ilikatwa kama adhabu kwa chuo kilichokataa kubadilisha fikra zake, jambo ambalo Marekebisho ya Kwanza yanalikataza.

Nadhani hukumu hiyo ni sahihi. Utaratibu ule wa 1964 si urasimu mtupu. Ndio unaomtofautisha mtawala anayesimamia sheria na mtawala anayeitumia kama fimbo. Chuki iliyowakuta wanafunzi wa Kiyahudi ilistahili kuchunguzwa kwa ushahidi, na walioumizwa walikosa uchunguzi huo kwa sababu serikali iliruka moja kwa moja kwenye fedha. Lakini hukumu haijatulia. Serikali imekata rufaa, na ina hoja yenye uzito. Mwezi Agosti 2025 Mahakama ya Juu, kwa kura tano dhidi ya nne, ilionyesha katika shauri jingine kwamba anayedai ruzuku iliyokatwa anapaswa kwenda mahakama maalumu ya madai ya kifedha dhidi ya serikali. Mahakama hiyo huamua nani anadai kiasi gani. Suala la kama serikali ilikusudia kumnyamazisha mtu si kazi yake ya kila siku. Haki ikipelekwa mahali isipoweza kusikilizwa kikamilifu, inaweza kudhoofika bila jaji yeyote kusema kwamba haipo.

Kodi nayo ni eneo ambalo Katiba haitoi msaada mkubwa. Mwaka 2017 Bunge liliweka kodi ya asilimia 1.4 kwa mapato ya mifuko ya akiba ya vyuo binafsi tajiri, na mwaka 2025 likaipandisha hadi asilimia 8 kwa vilivyo tajiri zaidi. Kodi inayowagusa wote wa daraja moja ni vigumu kuiita adhabu. Sheria ya 2017 ilitishia kukigusa hata Berea, kisichotoza ada ya masomo tangu mwaka 1892. Mwaka uliofuata Bunge liliongeza kwamba wanaohesabiwa katika kuamua chuo kitozwe au la ni wanafunzi wanaolipa ada tu, Berea kikanusurika. Kiliokolewa na wabunge, si na mahakama.

Kinachonitia hofu zaidi ni yale yasiyofika mahakamani. Oktoba 2025 serikali ilivipelekea vyuo tisa mapatano ya kutia saini, vipewe kipaumbele katika fedha na vikubali masharti yake kuhusu udahili, ada na mijadala. MIT kilikuwa cha kwanza kukataa, na vingi vikafuata, Dartmouth kikiwamo. Lakini miezi michache kabla, Columbia, kilichokatiwa dola milioni 400 mwezi Machi, kilikuwa kimekubali kulipa dola milioni 200 kwa miaka mitatu, na milioni 21 nyingine kwa madai ya ajira, na kumpokea mwangalizi wa nje. Hakikuwa na lazima ya kisheria kufanya hivyo. Maabara zilikuwa zikisimama, na kesi huchukua miaka. Makubaliano ya namna hiyo hayaachi hukumu ambayo chuo kingine kinaweza kuitaja. Hakuna jaji aliyepima kama madai yalikuwa halali, wala sababu zilizoandikwa za kukatiwa rufaa. Chuo kidogo kisicho na mfuko wa Harvard, kitakachopokea barua kama ile kesho, kitaanza upya.